Mtu mzima akizuiliwa na jamaa zake: habeas corpus, polisi, amri ya ulinzi au ombi la haki?

Kabla ya kuchagua njia yoyote kati ya hizi, jibu maswali mawili. Aliyezuiliwa ana miaka mingapi? Na yeye mwenyewe, kwa kinywa chake au kwa ujumbe wake, amesema anataka nini?

Akiwa hajatimiza miaka 18, njia yake ni nyingine kabisa. Kenya atashughulikiwa chini ya Sheria ya Watoto ya 2022, Tanzania Bara chini ya Sheria ya Mtoto ya 2009, na mahakama itatazama maslahi yake hata pale yanapopingana na anachokitaka. Akishatimiza 18 mambo yanageuka. Ibara ya 260 ya Katiba ya Kenya inamtambua mtu mzima kwa umri huo tu. Haiongezi kwamba awe ameoa au ameolewa, awe na kazi, au awe amepewa ruhusa na baba yake. Kuanzia hapo, anakaa wapi na anaishi na nani ni uamuzi wake, uwe mzuri au mbaya machoni pa ukoo.

Nawaandikia wale wanaobaki nje ya geti: dada, rafiki, mume, mtoto wa nyumba ya pili, yeyote ambaye simu ya mpendwa wake imezimwa ghafla na kila anayepokea nyumbani kwao anasema amepumzika. Mambo haya huja kwa sura nyingi. Binti wa miaka 23 amerudishwa kwao kwa nguvu kwa sababu amempenda mtu wa dini nyingine. Mke anafungiwa ndani mumewe akienda kazini. Mzee mwenye shamba amechukuliwa na watoto wa mke mmoja, na wale wa mke mwingine hawaruhusiwi hata kumsalimia. Kijana amelipiwa soba, yaani nyumba ya kurekebisha waraibu, na kaka zake bila ridhaa yake. Ukienda kwa wakili utasikia majina ya njia kadhaa, na mara nyingi utachagua ile iliyotajwa kwanza. Ni afadhali ujue kila moja inafanya nini na inashindwa wapi.

Habeas corpus inauliza swali moja

Hili ni ombi kwa Mahakama Kuu kwamba anayemshikilia mtu amlete mbele ya jaji na aeleze anamshikilia kwa sheria ipi. Asipokuwa na sheria, mtu anaachiwa papo hapo. Wengi tumeisikia katika kesi za watu waliochukuliwa na polisi wasionekane tena, kwa hiyo tunadhani inahusu serikali peke yake. Sivyo. Kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya Kenya, Sura ya 75, kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kumwachia yeyote aliyezuiliwa isivyo halali au isivyostahili, awe mikononi mwa serikali au mikononi mwa mtu binafsi. Kifungu cha 390 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya Tanzania Bara, Sura ya 20, kwa namba zilizozoeleka, kinasema hayohayo. Chumba cha nyuma nyumbani kwa mjomba kimo ndani ya maneno hayo.

Kuitumia ndani ya familia si jambo la jana. Machi 1891, katika mji wa Clitheroe, Uingereza, mwanamume aitwaye Jackson alimvizia mkewe akitoka kanisani Jumapili, akamkamata kwa msaada wa wenzake na kumpeleka nyumbani kwake Blackburn. Mke alikuwa amekataa kuishi naye, na mume alikuwa na amri ya mahakama iliyosema warudiane. Ndugu wa mke wakaomba habeas corpus. Mahakama ya kwanza iliwakatalia. Mahakama ya Rufani ikamwachia mke, na kusema wazi kwamba mume hana haki ya kumfunga mkewe ili apate ushirika wake. Wakili wa Nairobi au Dar es Salaam anaweza kuitaja kesi hiyo mpaka leo, kwa sababu sheria zetu za eneo hili zimetoka kwenye shina hilohilo.

Kenya imeipa njia hii uzito wa pekee. Ibara ya 51(2) ya Katiba inampa kila aliyezuiliwa haki ya kuiomba, na ibara ya 25 inaiweka miongoni mwa haki nne zisizoweza kuwekewa mpaka wowote, pamoja na haki ya kutoteswa, kutofanywa mtumwa na kusikilizwa kwa haki.

Nguvu yake ni haraka. Ombi hupelekwa kwa jaji kwa dharura, husikilizwa kwanza upande mmoja, na likikubalika mjibu maombi, yaani anayedaiwa kumshikilia, huitwa aje na mtu huyo siku iliyotajwa. Kanuni zinataka hati ya kiapo ya aliyezuiliwa mwenyewe. Asipoweza kuapa kwa sababu ya kuzuiliwa kwenyewe, mtu mwingine huapa kwa niaba yake na kueleza kwa nini mwenyewe hawezi. Hapo ndipo rafiki au dada anapata mlango wa kuingilia.

Udhaifu wake uko sehemu mbili. Kwanza, ni Mahakama Kuu tu. Kenya, Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015 imewapa mahakimu nafasi ya kusikiliza madai ya haki za msingi yanayohusu mateso na utumwa, si habeas corpus. Tanzania pia hakimu wa wilaya hawezi kuitoa. Kwa mtu wa kijijini hiyo ni nauli, ni wakili, ni siku za kuacha kazi. Pili, lazima uonyeshe kwamba mtu yuko mikononi mwa unayemtaja. Majaji wa Kenya wamelisema hili mara nyingi: kutoonekana peke yake hakutoshi. Baba akiapa kwamba binti aliondoka wiki iliyopita na hajui aliko, nawe huna jirani aliyemwona dirishani wala ujumbe aliokutumia kutoka kule, ombi linaweza kuishia hapo. Usipojua aliko, unahitaji polisi wamtafute kama mtu aliyepotea.

Kuna jambo jingine ambalo huchanganya watu zaidi kuliko hayo mawili. Habeas corpus haiamui kama ndoa ni halali, nani ana mali, nani mzazi mwema, au kama mpenzi wake ni mtu wa maana. Inauliza kama mtu huyu mzima amezuiliwa kinyume cha matakwa yake. Mahakama ikiacha swali hilo na kuanza kujibu mengine, ombi lililoundwa kufungua mlango linaweza kuufunga.

Hilo lilitokea India. Mwaka 2016 baba mmoja wa jimbo la Kerala alifungua ombi la habeas corpus kuhusu binti yake, mwanafunzi wa tiba ya homeopathi aliyesilimu na kuchukua jina la Hadiya. Ombi la kwanza lilikataliwa. Binti alifika akasema yuko alipo kwa hiari yake. Baba akafungua la pili mwezi Agosti. Desemba Hadiya akaolewa. Tarehe 24 Mei 2017 Mahakama Kuu ya Kerala ikaibatilisha ndoa ndani ya shauri hilohilo la habeas corpus na kumkabidhi kwa wazazi wake, kwa hoja kwamba msichana wa miaka 24 ni dhaifu na ni rahisi kutumiwa vibaya. Akakaa ndani ya nyumba ya baba yake, chini ya ulinzi wa polisi, hadi alipofikishwa mbele ya Mahakama ya Juu mjini Delhi tarehe 27 Novemba 2017 na kusema anataka uhuru wake. Tarehe 8 Machi 2018 ndoa ikarudishwa. Katika sababu zilizotolewa mwezi uliofuata, majaji walieleza kwamba Mahakama Kuu ilikosea kubatilisha ndoa ya watu wazima wawili kupitia ombi la habeas corpus.

Mwanamke mzima alipoteza miezi ya maisha yake kwa amri ya mahakama iliyopaswa kumlinda. Inaniuma kila ninapoisoma kesi ile, na ndiyo sababu nasisitiza swali la pili la mwanzo: yeye mwenyewe anataka nini?

Polisi: anza nao, lakini usiwasubiri mno

Kumfungia mtu bila haki ni kosa la jinai. Kenya, kifungu cha 263 cha Kanuni ya Adhabu kinaweka kifungo cha hadi mwaka mmoja, na Kanuni ya Adhabu ya Tanzania nayo inalo kosa hilo. Kwa hiyo kituo cha polisi ni mahali halali pa kuanzia, hakihitaji wakili, na kiko karibu. Kenya ondoka na namba ya OB, ile ya kitabu cha matukio cha kituo. Tanzania ondoka na RB, namba ya kumbukumbu ya taarifa yako, na ukiweza pitia Dawati la Jinsia na Watoto, maana maofisa wa pale wamezoea mashauri ya nyumbani kuliko walio kaunta.

Ukilinganisha na habeas corpus, polisi wana mambo mawili ambayo jaji hana: wanaweza kwenda usiku huuhuu, na wanaweza kumtafuta asiyejulikana aliko. Lakini kila aliyewahi kupeleka jambo la namna hii kituoni analijua jibu: hayo ni mambo ya familia, nendeni mkazungumze. Na hata wakienda, angalia wanavyouliza. Ofisa anasimama sebuleni, baba kakaa kwenye kiti chake, shangazi mlangoni, wajomba nje, halafu binti anaulizwa mbele ya wote kama anakaa hapa kwa hiari. Ataitikia kwa kichwa. Ofisa ataandika kwamba amemkuta salama. Mahojiano ya namna hiyo hayana thamani yoyote, na ningependa kila kamanda wa kituo ayapige marufuku.

Tofauti nyingine ni ya moyoni. Shauri la polisi linamalizikia kwa mzazi au mume kushtakiwa. Wengi waliofungiwa wanataka kutoka. Hawataki mama yao apandishwe kizimbani. Habeas corpus haimwadhibu mtu kwa kumzuia mwenzake. Anayetii amri na kumleta anarudi nyumbani kwake. Anayeikaidi ndiye anayejitafutia matatizo. Nimeona kwamba jambo hili dogo ndilo linalomfanya aliyezuiliwa akubali kusaidiwa.

Hata polisi wasipofanya lolote, ile namba ya OB au RB haijapotea. Itakuwa aya mojawapo muhimu katika hati ya kiapo, kwa sababu inamwonyesha jaji kwamba ulijaribu na mlango ulifungwa. Wape polisi saa, au siku moja. Usiwape wiki.

Amri ya ulinzi inafanya kazi baada ya mlango kufunguka

Kenya inayo Sheria ya Ulinzi Dhidi ya Ukatili wa Nyumbani ya 2015. Maana ya ukatili humo ni pana: kipigo, vitisho, kunyanyaswa kihisia, kunyimwa uchumi, kufuatwafuatwa, ndoa ya kulazimishwa, hata kuingiliwa na wakwe. Ombi hupelekwa kwa hakimu, si lazima Mahakama Kuu. Hakimu anaweza kutoa amri ya muda kabla ya kusikiliza upande wa pili, na mtu mwingine anaweza kuruhusiwa kuomba kwa niaba ya anayeumizwa. Kukiuka amri ni kosa la jinai.

Tanzania Bara haina sheria mahususi ya namna hiyo. Sheria ya Ndoa ya 1971 inaipa mahakama uwezo wa kumzuia mwanandoa asimsumbue mwenzake, na inakataza mwanandoa kumwadhibu mwenzake kwa kumpiga, lakini binti anayefungiwa na baba yake hapati msaada humo.

Ziweke njia hizi mbili pamoja, utaona zinafuatana. Habeas corpus inamtoa ndani leo. Haimzuii kaka kumsubiri kituo cha basi kesho. Amri ya ulinzi inamkataza kaka huyo kumkaribia kwa muda uliowekwa, lakini ni karatasi tu kwa mtu ambaye bado amefungiwa na hana simu ya kuita polisi ikivunjwa. Kwa hiyo aliyezuiliwa kabisa, asiyeweza kutoka wala kupiga simu, anahitaji habeas corpus kwanza. Anayeweza kutoka lakini akitoka anapigwa, anatishwa au anafuatwa, anahitaji amri ya ulinzi, na kumpeleka Mahakama Kuu ni kumpotezea muda na fedha. Kenya kuna simu ya bure ya 1195 kwa waathirika wa ukatili wa kijinsia, na mashirika kama FIDA, chama cha wanasheria wanawake, husaidia kuandaa maombi haya.

Ombi la haki za msingi: pana, lakini si sawa pande zote za mpaka

Hapa ndipo Kenya na Tanzania zinapoachana sana.

Kenya, ibara ya 20 ya Katiba inasema Sheria ya Haki, ile sura ya Katiba yenye haki za msingi, inawafunga watu wote, siyo serikali pekee. Ibara ya 29 inamlinda mtu dhidi ya ukatili uwe umetoka kwa serikali au kwa mtu binafsi. Ibara ya 39 inampa uhuru wa kwenda atakako, na ya 45 inampa mtu mzima haki ya kuoa au kuolewa kwa ridhaa ya wanaooana. Unaweza kuyaweka yote hayo katika ombi moja pamoja na habeas corpus, na kumwomba jaji atamke kwamba haki zimevunjwa, atoe zuio, hata fidia. Ibara ya 22 inamruhusu mtu kufungua shauri kwa niaba ya asiyeweza kulifungua mwenyewe, inataka kusiwe na ada ya kulifungua, na kanuni za 2013 zinakubali hata maombi yasiyoandikwa kitaalamu. Barua iliyoandikwa kwa mkono imewahi kutosha kufungua mlango wa mahakama. Kwa Mkenya, naona si busara kuomba habeas corpus peke yake pale ambapo kuna vitisho au ndoa ya lazima, ziunganishe.

Tanzania, ibara za 15 na 17 za Katiba zinalinda uhuru wa mtu na uhuru wa kwenda atakako, na ibara ya 30 inafungua mlango wa Mahakama Kuu. Lakini njia yenyewe inapitia Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi ya 1994, Sura ya 3. Kwa kawaida shauri husikilizwa na majaji watatu, na mahakama inaweza kukataa kulisikiliza ikiona kuna njia nyingine ya kutosha ya kupata nafuu. Marekebisho ya 2020 yaliongeza sharti kwamba mwombaji aape jinsi yeye binafsi alivyoathirika; muulize wakili kama bado linatumika. Chini ya sharti hilo, rafiki anayehangaika kumtoa rafiki yake angekwama. Kwa mtu aliyefungiwa sasa hivi, Tanzania Bara, sioni sababu ya kupita huko: kifungu cha 390 ni cha jaji mmoja, na ni cha haraka.

Wazee, kadhi na mabaraza

Siwadharau wazee. Familia nyingi zimepona kwa shangazi mmoja mwenye busara aliyeingia chumbani, akafunga mlango, akamsikiliza mtoto peke yake. Kama mtu huyo yupo kwenu, mtume leo. Kadhi wa Kenya anaweza kuamua kuhusu ndoa, talaka na mirathi pale ambapo wahusika wote ni Waislamu na wamekubali mamlaka yake, na mabaraza ya usuluhishi wa ndoa Tanzania yana kazi yake kabla ya talaka. Hakuna hata mmoja wao anayeweza kuamuru mlango ufunguliwe. Tena usuluhishi unahitaji pande mbili zenye sauti, na aliyefungiwa hana sauti. Atolewe kwanza, kisha mazungumzo yaanze akiwa ameketi mahali anapoweza kuinuka na kuondoka.

Mzee anayegombaniwa

Mashauri haya ndiyo magumu zaidi, na nadhani yataongezeka. Mzee ana miaka themanini na kitu, ana wake wawili, ana hati za mashamba. Anaugua. Watoto wa nyumba moja wanamchukua kwa matibabu na hawamrudishi. Walinzi wanaambiwa wasimruhusu mtu. Upande wa pili unakimbilia habeas corpus.

Jiulize kwa unyofu: mzee bado anajitambua? Akijitambua, habeas corpus ni njia sahihi, na jaji atamuuliza yeye. Jiandae kwa jibu usilolipenda. Anaweza kusema anataka kukaa kwa binti yake mkubwa, karibu na hospitali, na hana haja na kelele za nyumbani. Akisema hivyo shauri limekwisha, hata kama wewe ndiye mke wa miaka arobaini. Uhuru wake unajumuisha uhuru wa kutotaka kukuona.

Akiwa hajitambui tena, kwa kiharusi au kwa kupoteza kumbukumbu, swali la hiari halina wa kulijibu. Hapo Kenya ombi linalofaa liko chini ya Sheria ya Afya ya Akili, Sura ya 248, ambapo mahakama huteua wa kumtunza na wa kusimamia mali yake, baada ya kuona taarifa za madaktari. Ni njia ndefu, lakini inaweka mambo wazi: nani anamlisha, nani anatia saini benki, nani anaruhusiwa kumtembelea na lini. Nimesikia watu wakitumia habeas corpus ili wamuone mzee kabla hajatia kidole gumba kwenye hati ya shamba. Kama hofu yako ni shamba, weka zuio kwenye ofisi ya ardhi na ufungue shauri la ardhi. Usimburute mgonjwa kizimbani kwa ajili ya shamba.

Soba, vituo vya kurekebisha waraibu na nyumba za maombezi hufuata mantiki hiyohiyo. Hospitali ina sheria ya kumlaza mtu bila ridhaa yake: Kenya ni hiyo Sura ya 248, iliyofanyiwa marekebisho 2022, Tanzania ni Sheria ya Afya ya Akili ya 2008. Sheria hizo zina masharti, na la kwanza ni daktari. Kaka kulipa ada ya miezi mitatu si sharti mojawapo. Mtu mzima aliyefungwa mnyororo mahali pa maombi, au aliyezuiliwa soba bila karatasi yoyote ya kitabibu, anazuiliwa bila sheria, na mjibu maombi wako ni mwenye kituo pamoja na aliyempeleka. Wataje wote wawili.

Nani asifungue ombi hili

Mume ambaye mke ameondoka. Tanzania, Sheria ya Ndoa inakataza kabisa shauri la kumlazimisha mwanandoa kurudi kuishi na mwenzake. Ukimtaja baba mkwe kama mjibu maombi kwa sababu tu mkeo amehamia kwao, mkeo ataletwa, ataulizwa, atasema amechoka na ndoa, nawe utakuwa umeyaanika mambo yako mbele ya watu bure.

Wazazi ambao binti au kijana wao mtu mzima ameondoka na mtu wasiyemtaka. Najua uchungu huo ni wa kweli. Lakini mahakama haina kazi ya kumrudisha mtu mzima kwa wazazi wake, na kesi ya Hadiya inaonyesha mabaya yanayotokea inapojaribu. Kama mna ushahidi kwamba ametekwa, ametishwa au amenyang'anywa simu na pasipoti, huo ni ushahidi wa jinai. Upelekeni polisi, na habeas corpus itafaa.

Mwenye ndugu aliyezuiliwa Ghuba. Sheria zote mbili zinataja mtu aliye ndani ya mipaka ya nchi. Jaji wa Mahakama Kuu ya Milimani, Nairobi, hawezi kuamuru mwajiri wa Riyadh amlete dada yako. Hapo ni ubalozi, wizara na wakala aliyemsafirisha, na wakala huyo unaweza kumshtaki hapa nyumbani.

Ukishachagua habeas corpus, andika haya

Hati ya kiapo iseme umri wake na uthibitisho wake. Ulimwona au kuwasiliana naye mara ya mwisho lini. Alikwambia nini kwa maneno yake, na picha ya ujumbe iambatishwe. Nani anamshikilia, nyumba ipi, mtaa upi. Ulijuaje yuko pale. OB au RB namba ngapi. Usijaze kurasa kueleza ubaya wa baba yake au uzuri wa mchumba wake.

Kisha katika maombi yenyewe, ongeza mambo ambayo mawakili wengi huyasahau. Omba jaji azungumze naye faraghani, bila wazazi, bila wewe, bila mawakili wa upande wowote. Machi 2024 Mahakama ya Juu ya India, katika shauri lililowahusu wanawake wawili waliodaiwa kuwa wapenzi, ilitoa miongozo kwa majaji wake: maombi haya yapewe kipaumbele, jaji azungumze na mhusika faraghani, ahakikishe hayuko chini ya shinikizo la familia, na asimpeleke kwenye ushauri nasaha wa kumbadilisha mawazo. Miongozo hiyo haiwafungi majaji wa Kenya wala Tanzania, lakini hakuna kinachomzuia wakili wako kuisoma mbele yao. Katika shauri lile, mhusika alipohojiwa alisema yuko kwa wazazi wake kwa hiari, na ombi likakataliwa.

Omba pia alale mahali pengine, si kwa wajibu maombi wala kwako, kama shauri litaahirishwa hata kwa usiku mmoja. Na omba aletwe pamoja na kitambulisho chake, pasipoti, vyeti vya shule, simu na dawa zake. Amri ya kumwachia mtu haitaji vitu hivyo isipoombwa, na wengi wametoka mahakamani wakiwa huru bila karatasi hata moja ya kuombea kazi, wakalazimika kurudi kuzifuata kwenye nyumba ileile. Ukisahau kuviomba siku ya kwanza, mwombe jaji aliyemwachia aongeze amri kabla hamjatoka chumbani mwake, na ofisa wa polisi atajwe kwa cheo chake kwamba ndiye atakayekwenda kuvichukua.